Kamba ya Pampu

Jumatatu, 8 Septemba
Nimenyweshea nyanya mistari kumi na miwili. Wa kumi na tatu sikufika. Petroli iliisha, nikajaza, nikavuta kamba ya kuwashia pampu. Ikakatika. Nilianguka chali kwenye mchanga wa mto mkavu, kando ya kisima tulichochimba, na kipande mkononi. Kile kingine kilirudi ndani ya stata, kile kisanduku cha kuwashia injini, kama nyoka anaingia shimo lake. Maua ndiyo yameanza kutoka. Kwa jua hili, siku tano zinatosha kuyamaliza. Sijamwambia mume wangu, Baba Mwende.

Jumanne, 9 Septemba
Nimemwambia. Ameangalia ukuta. Tangu apatwe na kiharusi mwezi wa tano, mkono wake wa kulia hauinuki na maneno yanamtoka vipande vipande. Siku nyingi hayatoki kabisa. Hii pampu alikuwa anaifungua na kuifunga mwenyewe, mimi nikishika tu spana.

Fundi wa hapa Ikutha ameenda Voi. Hajui atarudi lini. Nimechota maji kwa mitungi mpaka mgongo ukakataa. Mistari mitatu tu.

Binti yetu Mwende akapiga simu kutoka Kitui. "Mama, uza hiyo mashine mje mkae na mimi. Unajitesa bure." Nikamwambia tutaongea. Nyanya hizi zikikauka sitakuwa na jibu la kumpa. Naogopa hilo kuliko jua.

Jumatano, 10 Septemba
Nimefungua stata. Bolti tatu, spana namba kumi, nikaileta nyumbani. Baba Mwende alikaa kwa kiti chake nje ya nyumba, akawa ananionyesha kwa kidole cha kushoto.

Nilidhani ni kamba tu. Nilipoinua kapi, gurudumu dogo linalozungushiwa kamba, springi ikaruka. Utepe mrefu wa chuma wenye makali. Ukanichana kiganja. Damu mpaka kwa leso. Alijaribu kuinuka bila fimbo yake anisaidie, akashindwa, akapiga kiti ngumi. Hiyo sauti ndiyo imenikaa kichwani. Kidonda kitapona.

Springi imevunjika ncha. Sasa kamba peke yake haitoshi.

Alhamisi, 11 Septemba
Jana usiku nilimpigia Mwende nikamweleza; leo amenunua stata nzima, ameituma na gari la mchana. Hakutaja tena habari ya kuuza. Amenikasirikia, sauti yake naijua.

Matundu ya bolti hayalingani na ya pampu yetu. Nilikaa chini nikalia. Maua yameanza kudondoka upande wa juu. Niliomba pia. Maombi mafupi, ya hasira. Mungu anisamehe.

Ijumaa, 12 Septemba
Asubuhi nilisikia meza ikigongwa. Baba Mwende alikuwa ameweka stata ya zamani na mpya pamoja. Akaonyesha springi ya mpya, halafu kifuniko cha ile ya zamani. Nikapima. Inaingia sawasawa! Kwa nini sikufikiria?

Nilijifunga matambara mikononi. Kuikunja hiyo springi kumenimalizia asubuhi. Iliruka mara mbili. Ya tatu ikakaa. Nikarudisha kapi, nikapitisha kamba mpya, nikapiga fundo, nikavuta. Kamba ikatoka. Haikurudi. Ikabaki inaning'inia kama ulimi wa mbwa. Nilitaka kuitupa stata kwa ua.

"Zungusha... kushoto," akasema. "Kushoto, Mama Mwende."

Hakuwa ameniita hivyo tangu mwezi wa tano. Sikumtazama, niliogopa nitaharibu kitu.

Nikatoa kamba, nikazungusha kapi kushoto mara nne. Ukiliachilia linarudi lote, na bado kamba ipite kwa tundu na ifungwe. Kazi ya mikono mitatu. Akalibana kapi kwa mkono wake mzima, mimi nikafunga. Nikavuta. Kamba ikarudi yenyewe.

Jumamosi, 13 Septemba
Nimeifunga stata kwenye pampu. Nilipovuta mara ya nne, imewaka. Mistari yote imepata maji. Miwili ya juu imekufa, sitajidanganya. Hofu haijaondoka. Kila nikivuta nasubiri ikatike.

Jumapili, 14 Septemba
Nilitoka kanisani nikapata kiti kitupu. Fimbo yake pia haiko. Nilikimbia mpaka mtoni na viatu vya kanisa, nikijua nitamkuta ameanguka.

Alikuwa amesimama mbele ya pampu. Ameegemea fimbo kwa kwapa la kulia, mkono wa kushoto kwa kamba. Anavuta, anapumzika, anavuta. Injini inakohoa tu. Nilisimama nyuma ya mkonge. Miguu yangu ilitaka kwenda. Nikaikataza.

Haikuwaka. Mwishowe akakaa kwenye mchanga akafuta jasho. Hapo ndipo nilitoka, nikakaa karibu naye. Mto mkavu, ndege wachache.

Halafu akainuka, akabana pampu kwa goti isitingishike, akanipa kamba. Nikavuta.