Kiua cha Jino la Barasa

Kayole, Jumapili

Kwako Mayi, mama yangu mpendwa,

Nakusalimu kwanza kabla sijakusumbua. Goti lako linaendeleaje tangu mvua ianze? Mimi na watoto tu wazima, Mungu ametushika. Ningepiga simu, lakini wewe huipokea kwa spika, na nusu ya kijiji husikia habari kabla yako. Ndiyo maana nimempa binamu yetu Simiyu barua hii akusomee mkiwa wawili tu, mlango umefungwa. Keti kwanza.

Ni habari za Barasa. Mdogo wangu hajapona jino, Mama. Alikudanganya.

Unakumbuka lilipomwanza ukachuma vile viua vya manjano vya kando ya mto, vinavyofanana na alizeti iliyodumaa, ukavifunga katika jani la mgomba na kumpa kondakta wa basi. Vilifika vikiwa vibichi. Barasa alitafuna kimoja mbele yangu, ulimi ukafa ganzi, mate yakamtiririka, tukacheka kama tulivyokuwa tukicheka utotoni. Vingine alivipeleka Mukuru, kwenye geti la kiwanda anakopanga foleni ya kibarua, akawagawia wenzake. Alinisimulia jinsi wanaume wazima walivyosimama pale midomo imelegea, msimamizi anawauliza majina na hawawezi kuyataja. Nilicheka sana siku hiyo.

Kisha akakupigia kukuambia jino limekwisha, nawe ukasimama kanisani ukatoa ushuhuda. Kumbe kila asubuhi alikuwa akitafuna kabla ya kwenda kubeba magunia. Viua vilipokwisha akaomba vingine, nawe kwa huruma yako ukatuma, ukidhani ni vya wale wenzake.

Nilipomwona tena, shavu lilikuwa limeumuka kama andazi. Nilimwambia twende hospitali. Nilimfokea mbele ya majirani, wala sijutii.

"Jino imenyamaza, sista," akaniambia. "Nikikosa geti siku moja, kuna mtu anachukua place yangu."

Ugumu wa kichwa hicho unaujua wewe uliyekizaa. Wahenga walisema sikio la kufa halisikii dawa, na leo msemo huo naogopa hata kuuandika.

Uvimbe ukashuka shingoni. Akashindwa kumeza hata mate yake. Hospitali wamempasua chini ya kidevu, usaha ukatoka mwingi, wakamtoboa koo apate kupumua. Daktari anasema uchafu wa lile jino umeshuka mpaka kifuani. Dawa anapewa, lakini nilipomuuliza kama ndugu yangu atapona, alisema hawezi kuniahidi. Nililia mbele yake bila haya.

Mama, usijilaumu. Nakujua, utaanza kujilaumu kabla Simiyu hajamaliza kusoma. Kile kiua kilifanya kazi yake. Kilinyamazisha maumivu, na maumivu ndiyo yangemtuma hospitali mapema. Aliyebisha ni yeye, na iliyomtia hofu ni ile foleni. Lakini usije na vingine. Na huko nyumbani, yeyote akikuomba, mpe, kisha umwambie siku hiyohiyo aende jino likatazamwe.

Msalimie baba mdogo, umwambie lawama aziweke kando kwanza. Shangazi aliye jirani yako mwombe akukamulie ng'ombe. Mchungaji mweleze ukweli, kanisa liombe. Bibi mzaa baba msimwambie chochote kwa sasa, moyo wake hauwezi.

Najua mahindi yamekauka shambani, yanangoja kuvunwa. Yaache, wewe panda basi na Simiyu. Barasa hawezi kutoa sauti kwa sababu ya lile bomba la kooni, lakini leo alinishika mkono akawa anachezesha midomo, neno lilelile, tena na tena. Nilijifanya sielewi, nikamfuta mate. Anakuita wewe, Mama. Njoo angali anatambua nyuso.

Ni mimi binti yako mkubwa,
Nafula