Mstari Nilioruka

Ibra, 28 Agosti 1975

Kwa dada yangu mpenzi Bi Badriya, Nizwa,

Shikamoo, dada. Goti lako linaendeleaje? Na Aliya wetu? Sisi hatujambo, alhamdulillahi, ila joto linatukaanga, na tende mwaka huu nyingi hata mbuzi wamezichoka.

Khabari kubwa ni kuwa Nadhir wangu amerudi. Bila shaka umesikia redioni, Wamarekani watatu na Warusi wawili wamekutana huko juu angani wakapeana mikono. Basi hicho chombo cha Wamarekani, Apolo, mwanangu ndiye aliyekuwa akikisikiliza kwa mitambo, huko Uhispania. Kazi aliyoianza kwetu Unguja, kwenye mitambo ya Wamarekani pale Tunguu, dada, hana hata ndevu! Wallahi, bila ya yeye wale watu wangepapasana gizani. Nimemwambia kila mtu sokoni, mpaka muuza halua ameniomba nimpumzishe.

Lakini ile ndiyo safari ya mwisho. Apolo hairuki tena, na mafundi wamepunguzwa. Nadhir amekuja na sanduku moja, na ndani yake mna kitambaa cha hariri ya kijani. Nilipomuuliza cha nani, alicheka akasema, mama, unajua.

Sasa nikuungamie, dada.

Unaikumbuka siku ile ya mwezi wa tano ulipokuja kwangu, tukakaa na majirani kunywa kahawa, nami nikaisoma barua ya Nadhir kwa sauti, kama ada yangu? Fawziya alikuwa akimsifu mwanawe, karani wa Muskati, akaniuliza wangu ataning'inia na nyota mpaka lini, maana nyota hazitoi pensheni. Wakacheka wote. Na mimi ndiyo kwanza nimefika pale Nadhir alipoandika kuwa safari ya Julai ni ya mwisho, kazi inakwisha, anarudi, na kwamba nikuombe binti yako Aliya kwa ajili yake, kama tulivyonuia tangu Unguja.

Niliona haya, dada. Nikauruka mstari. Nikatia wangu, kuwa amepewa cheo na miaka mitano zaidi, wala hana nafasi ya kuoa. Nilikuona uso umekubadilika, nikajitia kumimina kahawa.

Nilidhamiria kukwambia faraghani, lakini ukaondoka alfajiri. Haukupita mwezi nikasikia umempa Hamdun wa Sur ahadi ya Aliya, na nikaha baada ya Ramadhani. Nikanyamaza. Nadhir alipofika, nikamwambia Aliya kachoka kungoja. Alisema tu kuwa ni haki yake. Tangu hapo anatengeneza redio za mtaa mzima, hata zisizoharibika.

Juzi nimemwambia kweli. Hakunigombeza, na laiti angenigombeza. Aliikunja ile hariri akairudisha sandukuni. Fawziya naye nimemwambia kuwa kazi imekwisha tangu Julai. Nilingoja acheke. Alinijazia kikombe tu.

Sitaki uvunje ahadi yako. Nataka Aliya ajue kuwa hakuachwa, kuwa aliombwa, na ni mimi niliyemficha. Nikaha bado haijafungwa, basi na aulizwe mwenyewe. Akisema Hamdun, nitakuja kumpaka hina kwa mkono wangu.

Barua hii anakuletea Marhoun dereva, apitaye njia ya Samad kesho kuja huko Nizwa. Msalimie shemeji na wote wa nyumbani. Msomee Aliya kwa sauti, dada, wala usiruke mstari, hata ukitaka kunisitiri.

Mdogo wako aliyekukosea,
Ghalia binti Amur