Fainali Niliyoiandika Mimi

Jumanne, 9 Septemba 2025

Kitabu kimefika leo kwa posta kutoka Uholanzi. Karatasi ya kung'aa, picha tele, jalada la kijani. "Oudemeer: Miaka Thelathini ya Mpira wa Kikapu." Thelathini! Ati thelathini! Klabu ile imeanza 1961. Mimi Marion nimekaa kwenye meza yake ya alama kuanzia 1987 hadi 1996, nikiandika kila kikapu na kila faulo, kwa kujitolea, nikitoka shifti ya hospitali na miguu imevimba. Leo naambiwa imezaliwa 1995. Kwani mimi nilikuwa naandika mechi za mizimu?

Nimetafuta 1993. Ubingwa wetu wa Uholanzi, ule mmoja tu tuliowahi kuupata. Nimepekua mbele, nimepekua nyuma. Ukurasa wa tisa una sentensi moja: zamani mji ulikuwa na "timu kadhaa za wafadhili". Basi. Hata majina hakuna.

Sawa, majina yalikuwa mengi, sikatai. Kule klabu hubadilisha jina kila inapobadilisha mfadhili. Tuliitwa jina la baiskeli, tukaitwa jina la siagi, halafu tukaitwa Brandsma Verf, kampuni ya rangi za nyumba. Lakini ukumbi ni ule ule! Mama wa kahawa ni yule yule! Mtu akiolewa mara tatu, mtasema amezaliwa siku ya harusi ya mwisho?

Nimempigia Fortunat. Amesikiliza, kisha ameuliza kama picha yake imo. Haimo. Yeye ndiye aliyetupa mitupo huru miwili sekunde nne kabla ya kengele, 78 kwa 77, goti limefungwa bandeji. Mkongomani wa kwanza kubebwa mabegani katika mji ule. Sasa anauza makayabu, samaki wale wa chumvi, na unga wa muhogo hapa London, Tottenham, na wateja wake wanadhani anatunga.

Alhamisi, 11 Septemba

Nimempigia mwenyekiti wao, bwana mmoja anaitwa Wessel. Kiholanzi changu kimeingia kutu lakini hasira ni mafuta mazuri.

Ana adabu, huyo. Amesema ananikumbuka, alikuwa na miaka kumi na miwili, alikaa nyuma ya meza yetu. Amesema klabu inakuja London tarehe 27 kucheza mechi ya kirafiki Stratford, sehemu ya sherehe, na mimi ni mgeni wa heshima. Nikamwambia sitaki heshima, nataka 1993. Akasema jambo hilo ni gumu. Nikamuuliza ugumu uko wapi, kikombe kilikuja Oudemeer, watu walikunywa bia humo ndani! Akasema Brandsma alipohama na jina lake kwenda kufadhili mji mwingine, ubingwa ulihama naye kwenye vitabu vya shirikisho, na klabu ikaanza kuhesabiwa upya 1995. Wale majirani wanauhesabu kuwa wao. Wao wa klabu walishauliza shirikisho mara moja, wakajibiwa, wakaachana nayo.

Wakaachana nayo! Watu wameibiwa ng'ombe, wamejibiwa vizuri, wamerudi kulala.

Wahenga wanasema asiyekubali kushindwa si mshindani. Nakubali kabisa. Lakini sisi TULISHINDA.

Jumamosi, 13 Septemba

Nimeamua. Bendera. Mita tatu, kijani na nyeupe, "OUDEMEER – MABINGWA 1993" kwa Kiholanzi. Kama hawataitundika kwao, tutaitundika Stratford.

Nimeenda kwa Shilpa, Woolwich, kwenye duka lake la vitambaa pale sokoni. Mzaliwa wa Kisumu, ulimi kama wembe. Amenipima kwa macho akauliza kama natangaza kanisa jipya. Nikamweleza. Akacheka mpaka akashika meza: wewe Mnandi, unakaa London, unagombania kikombe cha Wazungu wa Uholanzi, na Wazungu wenyewe hawakitaki! Nikamwambia ndiyo, hivyo hivyo. Akaacha kucheka. Akasema kushona kutakwisha Ijumaa ya wiki ijayo, na herufi atazikata kwa satini, isije ikaonekana kama shuka.

Fortunat amekuja na fimbo yake kuchagua rangi. Amegusa kile kitambaa cha kijani muda mrefu. Amesema, "Mama Lorraine, mimi nitashika upande moja, wewe upande ingine. Hatutakaa chini."

Hatutakaa.

Binti yangu Lorraine amenunua tiketi. Anasema, "Mum, it's just a friendly." Nikamjibu kwamba hata mimi ni rafiki, lakini nina mdomo.

Jumatatu, 15 Septemba

Wessel ametuma imeli. Fupi, ya upole. "Hii ndiyo sababu shirikisho lilikataa," na karatasi iliyoambatishwa.

Nimeifungua kwenye simu, wakati wa mapumziko, kikombe cha chai mkononi. Karatasi ya alama ya fainali. Ile nyeupe, ya shirikisho. Mwandiko wangu. Saba zangu zenye mkia. Pale juu, kisanduku cha jina la timu.

BRANDSMA VERF.

Basi. Hakuna Oudemeer.

Kila mechi niliandika yote mawili, mfadhili na mji. Kila mechi! Miaka yote! Na siku ile moja—

Nakumbuka sasa. Ai, nakumbuka vizuri. Brandsma mwenyewe alisimama nyuma ya kiti changu, suti nyeupe, ananuka sigara, akasema leo ni televisheni, andika jina kwa herufi kubwa. Nikaandika kubwa. Nilifurahi pia, tusidanganyane. Tajiri ananiambia mimi! Kisanduku ni kidogo kama kucha. Jina likajaa. Nikasema moyoni, mji kila mtu anaujua.

Kila mtu alijua siku ile. Baada ya miaka thelathini na miwili inabaki karatasi.

Chai imepoa. Nimeimwaga.

Jumanne, 16 Septemba

Sijamwambia Fortunat. Amepiga mara mbili. Nimesema niko kazini. Sikuwa kazini.

Ijumaa, 19 Septemba

Mficha maradhi kifo humuumbua. Mimi ni nesi, nimewaambia wagonjwa maneno hayo kwa miaka mingapi? Na tazama mimi mwenyewe, wiki nzima nafunika.

Nimechukua bendera kwa Shilpa. Nzuri, jamani. Satini inang'aa, mishono haionekani. Nimepanda treni na basi mpaka Tottenham, nayo mapajani. Fortunat alikuwa anampimia mteja unga. Nikangoja mteja aondoke. Nikamwonyesha simu.

Aliivuta karibu, akaisogeza mbali, akavaa miwani. Akasoma majina ya wachezaji, akapata lake, namba kumi na moja, akatabasamu. Hakuelewa. Ikabidi nimwonyeshe kwa kidole: hapa, kisanduku hiki, mji haupo, na mwandishi ni mimi. Majirani wana ubingwa wako kwa sababu ya kalamu yangu.

Nilitaka anitukane. Mtu akikutukana unajua pa kusimama. Alivua miwani, akaipangusa kwa shati, akaenda nyuma ya duka. Nikamsikia anasogeza magunia. Nimengoja nusu saa. Hakurudi.

Nimerudi Woolwich na bendera yangu. Kosa ni langu, sina wa kumsingizia. Brandsma alisema, lakini kalamu ilikuwa katika mkono huu.

Na bado nasema walikosea! Ndiyo! Mtu mzima wa shirikisho ana ukumbi, ana picha, ana magazeti, ana mji mzima wa mashahidi, halafu anasoma kisanduku kimoja cha nesi aliyechoka na kusema kesi imekwisha? Nitakubali langu. La kwao siwabebei.

Jumatatu, 22 Septemba

Nimempigia Wessel tena. Nimeuliza: nikikiri kwa maandishi kwamba mimi mwandishi nilikosea, je? Akavuta pumzi. Akasema shirikisho linaweza kufungua faili upya kama mwandishi mwenyewe atatamka mbele yao. Lakini bodi ya klabu haitaki. Kuna makubaliano na majirani. Watu wameshazoea. "Na wewe pia, bibi Marion, je, unataka kukumbukwa kwa kosa?"

Halafu ofa. Mapumziko ya nusu mechi, wataniita katikati ya uwanja. Maua, medali ya utumishi, maikrofoni kwa dakika moja. Mtu wa shirikisho atakuwepo, amekaa mstari wa mbele. Ombi lao ni moja: niseme asante tu. Bendera ibaki nyumbani.

Ati asante tu.

Nimesema nitakuja. Sikusema zaidi. Sikudanganya, nimesema nitakuja.

Jumatano, 24 Septemba

Saa kumi na mbili asubuhi, simu. Fortunat. Hakusalimu.

"Mama Lorraine. Ile mipira miwili, iliingia ao haikuingia?"

Iliingia, nikasema.

"Uliiandika?"

Niliiandika. Moja, moja.

Akasema alikasirika sana. Alikasirika siku nne, hata kanisani alikasirika, mke wake alimwambia aende akakasirikie nje. Anasema bado amekasirika kidogo. Lakini Jumamosi atakuja, goti au si goti, na nisimwombe radhi mbele ya wateja, ni aibu.

Nimelia jikoni kama mtoto. Kisha nimepika uji nikaenda kazini.

Jumamosi, 27 Septemba

Stratford, ndani ya ukumbi. Naandika kwenye daftari dogo, kwa penseli.

Tumefika mapema. Lorraine ametubebea bendera ndani ya begi lake la mazoezi. Fortunat amevaa suti ya harusi ya mwanawe na viatu vyeupe vya raba. Anapanda ngazi moja moja, hataki kushikwa. Upande wetu kuna Waholanzi kama sabini, wametoka Oudemeer kwa basi, wazee kwa vijana, skafu za kijani. Mechi imeanza. Timu yao inaongoza kwa tisa. Kijana wao namba nne ni mzuri lakini anatembea na mpira, refa haoni.

Robo ya pili tumeifungua. Mita tatu nzima! Mimi kushoto, Fortunat kulia. Kisha mzee mmoja mistari miwili chini akageuka, akasoma, akavua kofia. Akamgusa mkewe. Mkewe akageuka akamwona Fortunat, akaweka mikono yote miwili mdomoni. "Elf!" akapiga kelele. Kumi na moja! Halafu wengine. Wale wa skafu za kijani, wenye mvi wote, wamesimama. Vijana wanauliza wazee kuna nini, wazee wanaeleza wote kwa mpigo. Ai, Mungu wangu.

Mlinzi wa ukumbi amekuja. Kwa upole: bendera ikunjwe, haijaidhinishwa. Nimemwambia sikatai, nitaikunja nikichoka. Anauliza nitachoka lini. Lorraine, mwanangu ambaye hunijibu Kiingereza siku zote, amesema kwa Kiswahili, "Mama hachoki." Kwa lafudhi ya ajabu! Mlinzi hakuelewa ila amecheka, amesimama pembeni na redio yake anangoja kuambiwa.

Wessel ametuona kutoka chini. Uso umekuwa mwekundu. Amepanda mpaka kwetu, amesimama ngazi mbili chini yangu, amesema taratibu kwamba tulikubaliana. Nikasema hapana, wewe uliomba. Akamtazama Fortunat. Fortunat akampa mkono, bendera ikining'inia kwenye ule mwingine. Wessel ameushika mkono ule muda mrefu kuliko salamu. Akasema ratiba ya nusu mechi inaweza kubadilishwa, maua naweza kuletewa hapa hapa, maikrofoni si lazima.

Nikamwambia maua wampe mama wa kahawa, kama yu hai. Maikrofoni naitaka.

Amerudi chini. Anaongea na mtangazaji. Mtangazaji anatikisa kichwa, sijui ni ndiyo au hapana. Yule wa shirikisho yuko mstari wa mbele, suti ya kijivu, anakula chipsi.

Dakika moja na sekunde kumi zimebaki. Nimeandika maneno matatu ya Kiholanzi kiganjani nisije nikayasahau: nilikosea, mimi, Oudemeer. Nitayasema kwa lafudhi yangu ya Kapsabet na watayasikia.

Fortunat ananiambia nimpe na upande wangu, atashika bendera yote peke yake mpaka nirudi. Nimemuuliza goti je. Amenyoosha mkono.

Kengele. Wachezaji wanatoka. Uwanja mtupu.

Mtangazaji amechukua maikrofoni, anatafuta karatasi. Wessel amesimama kando yake, mikono mfukoni. Amenitazama. Hajamzuia.

Wameita jina langu. Wamelikosea—