Maiti Anayepumua

Jumanne, 2 Agosti 1994

Mwanangu Fancy anaota jino. Siku tatu sijalala vizuri.

Ogoti amekuja tena, yule aliyekuwa akionyesha sinema kwa holi ya estate ya chai zamani. Yeye na wenzake wapenzi wa sinema wanairudisha ile filamu iliyopigwa hapa kwa majani chai, 1971. Wanaitaka nzima, vile ilionyeshwa siku ya kwanza. Vipande vilivyokatwa wamevitafuta mpaka Londiani. Kimoja mama fulani alikuwa amefungia nacho mlango wa kuku!

Kimebaki kimoja tu. Cha Mama. Baba amekificha kwa mkebe wa kakao.

Hapo Mama anaigiza maiti. Watu wa filamu walimlaza kwa machela, wakambeba. Lakini kifua kilikuwa kinapanda na kushuka, na holi nzima ilikuwa inacheka na kupiga kelele — maiti anapumua! Mwaka uliofuata akafa kweli. Sinema ikarudi, wakacheka vilevile. Baba akaingia na kisu cha kupogolea chai, akamkata kutoka kwa mkanda, akamtoa.

Nilikuwa na miezi sita. Picha yake nyingine hakuna.

Alhamisi, 4 Agosti

Nimemwambia Baba: nakuheshimu, lakini uso wa mama yangu siujui. Akasema kifo hakichezewi, kinasikia. Nikakaa palepale. Sikutoka. Fancy akamshika ndevu.

Mwishowe akanipa mkebe.

"Peleka, mama. Lakini mtu akimcheka, namtoa tena. Na safari hii nachoma."

Nimekiangalia kile kipande dirishani, kwa mwanga. Mama yuleyule mara nyingi, kila mmoja kama punje ya wimbi.

Jumapili, 7 Agosti

Sinema ilikuwa baada ya kanisa. Mablanketi madirishani, holi imejaa. Baba alikataa kuja. Ogoti aliwaonya watu: huyu mama ana wenyewe, mtu asicheke.

Mama akaja. Amebebwa. Paji la uso ni langu kabisa! Kimya, hata kikohozi hakuna. Halafu kifua — kikapanda.

Anapumua. Mama yangu anapumua!

Nikacheka. Kwa sauti, mpaka Fancy akashtuka. Sijui kicheko kilitoka wapi. Watu wote wakageuka.

Nimefika nyumbani, Baba yuko mlangoni.

"Walimcheka?"

"Watu walinyamaza, Baba."

"Hata mmoja hakucheka?"

Nimemwambia ngoja ninyonyeshe kwanza. Fancy ameshiba kitambo, amelala. Naandika tu, nichelewe kumjibu. Baba amevuta stuli karibu. Anangoja.