Kicheko cha Sara

Kwa dada yangu mpenzi Astruga, huko Jirona,

Amani iwe juu yako, juu ya shemeji Jucef, na juu ya huyo mgeni mdogo ambaye bado hatujamwona. Natumai maziwa yanatoka vizuri, na kwamba hujaanza kuhangaika na kazi kabla ya wakati, maana nakujua. Sisi hapa Perpinyani tu wazima. Bibi anasumbuliwa na magoti, lakini ulimi wake hauumwi hata kidogo. Baba naye hajambo, na arusi ipo. Najua nimeanzia mwisho, ila barua yangu iliyopita ilijaa machozi matupu, na sitaki uendelee kunyonyesha ukiwa na wasiwasi.

Unakumbuka nilikueleza kwamba wenye hekima wa Barcelona wametangaza kuwa kijana ambaye hajatimiza miaka ishirini na mitano asiguse vitabu vya falsafa vya Wagiriki, isipokuwa vile vya uganga. Tangu siku hiyo kila kijana wa mtaa wetu amekuwa mganga. Bibi anasema waganga wamezidi mpaka wagonjwa hawatoshi. Mchumba wangu Bonjuda angalau anasomea uganga kweli, ila katika kutafuta dawa ya homa ameokota na mengine mengi: ulimwengu ulianzaje, roho inakaa wapi, na kama Mungu anashughulika na mambo madogo madogo kama mimi na wewe.

Hayo yote Baba aliyavumilia. Kilichomshinda ni hotuba. Mwaka jana mtoto wa jirani yetu muuza viungo alisimama katika sinagogi, Sabato ya kabla ya arusi yake, kama anavyotakiwa kila bwana arusi, akahubiri kwamba Ibrahimu na Sara si mtu na mkewe bali ni mafumbo. Ibrahimu ni umbo, Sara ni maada. Yaani tuseme mkate: Ibrahimu ni lile umbo lake la mviringo, na Sara ni unga. Vijana wenzake walitikisa vichwa kwa raha. Baba alitoka nje kabla ya sala kwisha. Jioni akasema kwamba kama wazee wetu ni mafumbo, basi na agano ni fumbo, na Sabato ni fumbo, na sisi tunaotukanwa njiani kwa ajili yake ni wajinga tu.

Kwa hiyo zamu ya Bonjuda ilipokaribia, Baba alimwita akamwambia wazi, mbele yangu na Bibi, kwamba siku atakayomgeuza Sara kuwa unga hakuna arusi. Yeye anaozesha binti, haozeshi fumbo. Ungemwona Bonjuda, masikio yalivyomwiva! Akajibu kwa adabu, mzee wangu, aliyetupa Torati ndiye aliyetupa akili, na hakutupa macho mawili ili yagombane. Baba akamwambia, vizuri, basi macho hayo hayo mawili yamwonyeshe mlango ulipo.

Siku chache baadaye Bonjuda alikuja uani, Bibi akiwa ameketi katikati yetu, anamenya vitunguu saumu na kutulinda. Alitaka nimwelewe. Alisema yeye hamkubali yule kijana kwa kila jambo, lakini hawezi kusimama mbele ya watu akajifanya hajasoma alichosoma. Tena fumbo lile halimdharau Sara, akasema, kwa sababu maada ndiyo inayopokea kila kilicho kizuri. Akaendelea, mikono hewani: maada haina chake, maada inangoja umbo, maada inalitamani umbo. Bibi akamkatiza. "We mjukuu wangu, kwa hiyo usiku wa arusi utalala na donge la unga?" Bonjuda akalalamika, sivyo, Bibi, hujanielewa. Bibi akasema amemwelewa sana, asisahau chachu tu.

Nikacheka. Dada, nilicheka mbavu sina, nikaegemea ukuta. Bonjuda akanikodolea macho, akaokota kofia yake akaondoka bila kuaga. Wiki nzima hakuonekana. Hapo ndipo nilipokuandikia ile barua.

Sabato ikafika. Sisi wanawake tulijibana nyuma ya kile kidirisha cha wavu wa mbao. Baba alikaa karibu na mlango, joho mabegani, hakulivua, na kila mtu alijua maana yake, kwamba yu tayari kutoka. Bonjuda akapanda mbele akaanza: wapo wasemao kwamba Ibrahimu ni umbo na Sara ni maada. Baba akasimama. Mimi nikafumba macho.

Kisha nikamsikia akisema kwamba wanafalsafa hubishana kwa kila kitu, ila kuna jambo moja wamelikubali wote: farasi hukimbia, nyuki hujenga, njiwa hupendana, lakini kati ya viumbe wote wa duniani anayecheka ni binadamu peke yake. Umbo halicheki. Maada haicheki. Basi, akauliza, Torati inatuambia Sara alifanya nini nyuma ya mlango wa hema, aliposikia kwamba atazaa uzeeni?

Mara sauti ya Bibi ikapenya wavuni: "Alicheka!"

Sinagogi zima likaangua kicheko. Bonjuda akangoja watulie, akasema kwamba kwa hoja ya wanafalsafa wenyewe, Sara alikuwa mwanamke, mwenye makunyanzi yake na magoti yake mabovu, na anayelikana hilo amesoma falsafa nusu. Halafu akamgeukia Baba, akaongeza kwa upole kwamba na anayeifukuza falsafa amemfukuza shahidi wa Sara.

Baba alikuwa bado wima. Niliona mabega yanamtikisika, nikadhani analia. Kumbe anacheka. Akavua joho, akaketi.

Usidhani wamepatana. Jana mezani Baba alisema akili ni mtumishi mwema mradi asikalie kiti cha mwenye nyumba. Bonjuda akajibu kwamba mtumishi asiyesikilizwa huacha nyumba ikaungua. Wakabishana juu ya kuumbwa kwa ulimwengu mpaka dengu zikapoa. Lakini sasa wanabishana wakiwa wameketi meza moja, nami hilo lanitosha.

Sasa Dada, nikuambie nisichomwambia mtu. Mtaa mzima unasema mimi ndiye niliyembembeleza Bonjuda kwa machozi. Baba amenipa bangili ya marehemu Mama kwa ajili hiyo, nami nimeipokea nikanyamaza. Sikumbembeleza hata kidogo. Wala si Baba niliyemwogopa. Hasira za Baba unazijua, huja na kupita. Nilimwogopa Bonjuda. Siku ile uani alieleza habari za maada muda wote ule bila kunitazama, nikajiuliza kama nitazeeka na mtu ambaye mimi kwake ni mfano wa kitu kingine. Nilikuwa nimekwisha kuamua. Angehubiri vile, ningeivunja arusi mimi mwenyewe, kabla Baba hajaufikia mlango.

Jioni ya Sabato nilimuuliza kwa nini aliondoka bila kuaga. Akaona haya. Alisema nilipocheka ndipo alipoinua macho akaniona, na hoja yake yote ikaanguka palepale, kwa sababu maada isingeweza kumcheka. Akakimbilia nyumbani kuiandika hoja hii mpya kabla haijampotea. Wiki nzima mimi nalia, yeye anaandika! Nimemwambia siku nyingine akijiwa na hoja, aage kwanza. Lakini moyo wangu umetulia, Dada. Umetulia kabisa.

Bibi anakusalimu, anasema umfunge mtoto tumbo vizuri. Baba anawabariki nyote, na shemeji Jucef apokee heshima zangu. Bonjuda naye anasalimu, na anadai kwamba kwa kauli ya wanafalsafa bado hatuna ushahidi kuwa mtoto wako ni binadamu. Bibi amemwambia aje Jirona ayaseme hayo mbele yako. Hata hivyo mtoto akicheka mara ya kwanza, tafadhali niandikie upesi, na uniambie ni nini kilichomchekesha.

Mdogo wako akupendaye,
Mairona