Povu Haliambukizi

Magamba, Jumatano, Juni 1974

Wote walirudi nyuma. Wiki tatu nzima nimelifundisha darasa la watu wazima kwamba kifafa ni ugonjwa wa ubongo, povu haliambukizi, nao huitikia, "Ndiyo, daktari."

Leo mwanafunzi wangu mmoja, Mama Singano, kaanguka kifafa palepale darasani, mkono ukaingia kwenye jiko la mkaa tuliloweka kwa ajili ya baridi. Hakuna aliyemgusa. Nilipomvuta, alikuwa ameshaungua.

Fahamu zilipomrudia alisema, "Ahsante, mwanangu. Wewe peke yako ndiye usiyeogopa."

Nikamfunga mkono bendeji. Miaka yote hii nasomea fahamu, zinavyopotea na zinavyorudi. Kesho nitawafundisha nini?

Maana alipoanguka, wote walinitazama mimi kwanza. Na mguu wangu ndio uliotangulia kurudi nyuma.