Nilichokiacha Kisemwe Redioni

Kibaha, Jumamosi, Septemba 1974

Mgongo unauma. Nimepanda lori la mkaa kutoka Kisarawe hadi kijiji cha Masaki kumtafuta Bi Mwanahawa, aliyetuandikia kituoni kwamba ameacha matibabu ya kansa ya ziwa kwa sababu ya kipindi changu cha redio.

Mimi ndiye niliyemleta redioni mganga mmoja wa mitishamba. Alisema mizizi yake inaponya kansa, nami nikamwacha aseme. Wizara imekifunga kipindi na kutukataza kumtaja tena hewani, hata kwa kusahihisha. Basi nimekwenda mwenyewe.

"Shikamoo mama. Mimi ndiye wa redioni."

"Marahaba. Sauti nimeitambua." Akanitolea kigoda.

Nikamwambia kwamba hata siku ile sikumwamini yule mganga, na kwamba arudi hospitali. Aliweka mkono kifuani juu ya khanga.

"Ungesema hivyo siku ile, mwanangu, ningekuwa nimeshamaliza ile mionzi ya hospitali."

Amekubali kurudi Jumatatu. Nitampeleka mwenyewe, ingawa sijui kama hatujachelewa.

Huyu aliandika barua. Waliosikiliza bila kuandika, sijui nitawapata wapi.